Nyakundi Yuko Pale

Abhishek hakai. Nimemjua tangu alipokuwa akitambaa chini ya kaunta ya baba yake akilamba misumari, na tangu siku hizo sijamwona akikaa kitako akamaliza kikombe cha chai. Atakunywa nusu amesimama, atatoka kibarazani kutazama kitu ambacho hakipo, kisha atarudi aulize ni nani aliyemwaga chai yake. Duka langu la vitambaa limepakana na lao la vifaa vya ujenzi hapa Kisii mjini. Ukuta wetu ni mmoja na ni mwembamba. Kwa hiyo haya ninayoyasema sikuhadithiwa na mtu. Niliyasikia, nitake nisitake.

Yeye huniita Mama Zaki, ingawa Zaki wangu mwenyewe yuko Eldoret na hanipigii simu. Huyu wa jirani ndiye anayenitia kiwewe kila siku ya Mungu.

Baba yake anaitwa Jagdish. Babu yake ndiye aliyefungua duka, na picha ya babu imetundikwa ukutani juu ya droo ya pesa, imevishwa shada la maua ya plastiki ambayo Jagdish huyapangusa vumbi kila asubuhi kabla ya kumwuzia mtu chochote. Mama yake, Chandrakala, alitaka mtoto awe mhasibu. Akapelekwa Nairobi kusomea uhasibu, akarudi kabla hajamaliza, akasema kule darasani watu wanakaa sana. Mimi nilicheka mpaka nikashika ukuta. Jagdish hakucheka.

Alirudi na nguo zake na kompyuta, basi. Kitu alichokuwa nacho ambacho hakuna chuo kingempa ni Ekegusii, lugha ya wenyeji wa hapa. Hakufundishwa na mtu. Alikiokota pale kauntani, katikati ya watu wanaobishana kuhusu bei ya bawaba na unene wa mabati, na alijua kukejeli kwa Ekegusii kabla hajajua kuomba maji kwa Kigujarati. Wazee kutoka vijijini walikuwa wakimzungumzisha makusudi ili wacheke, naye aliwajibu neno kwa neno. Sasa mchukue kijana wa Kihindi mwenye Ekegusii cha kauntani, asiyeweza kukaa, na mwenye mdomo. Utamtafutia kazi gani? Mimi nilishindwa. Yeye aliipata kazi hiyo kwenye gemu la mpira.

Alinieleza mara nyingi kabla sijaelewa. Kuna mpira wa kwenye skrini, wachezaji si watu ila wanafanana na watu, na yeye anawaendesha kwa kidude alichoshika mikononi. Huku anacheza, huku anatangaza mechi hiyo hiyo kwa mdomo wake, anarekodi, halafu anaiweka mtandaoni watu waitazame. Nikamwuliza kama hiyo ni kazi. Akasema ni kazi. Nikamwuliza tena siku iliyofuata, nikidhani pengine amepata fahamu, akasema bado ni kazi.

Ofisi yake ilikuwa stoo ya nyuma. Humo kulikuwa na mifuko ya saruji, mikebe ya rangi, na magodoro makuukuu aliyoyapigilia ukutani ili sauti isirudi. Alirekodi asubuhi tu, kwa sababu mvua ya Kisii huja alasiri, na ikishapiga mabati hutajisikia hata ukikohoa. Alikuwa akisema adui yake mkubwa duniani ni mabati, na baba yake ndiye anayeyauza.

Mwanzoni alichagua timu kubwa za Ulaya na akatangaza kwa Kiingereza cha puani, akiwaiga watu wa televisheni. Hakuna aliyetazama. Hata mimi niliyekuwa nyuma ya ukuta bila ya kuwa na pa kwenda nilichoka. Yeye alizidi kuhangaika, leo anabadilisha muziki, kesho anabadilisha taa, keshokutwa anasema anaacha kila kitu aende Kigali. Ndipo asubuhi moja beki wake mmoja akamwachia mshambuliaji apite, na Abhishek akasahau Kiingereza chote. Akamwambia yule beki kwa Ekegusii kwamba amesimama kama mtu aliyekuja kununua bawaba akasahau kwake hakuna mlango. Akaendelea hivyo mpaka mwisho wa mechi. Kipande hicho kilitembea kwenye simu za watu kutoka Keroka hadi Nyamira, na jioni yake nikasikia vijana wa bodaboda wakikirudia nje ya duka langu.

Kuanzia hapo aliijua njia yake. Lile gemu linakuruhusu kumtengeneza mchezaji wako mwenyewe, jina lake, sura yake, urefu wake, hata mwendo wake. Abhishek akatengeneza timu nzima ya wateja wa baba yake. Kipa alikuwa Manasseh, fundi wa mabomba ambaye kila akisema kazi imekwisha, maji huendelea kupita. Winga alikuwa mama mmoja wa Sironga anayenunua kitu leo, akakirudisha kesho, akakinunua tena. Na mshambuliaji wa kati, namba tisa, alikuwa Nyakundi.

Nyakundi alikuwa mzee wa Magwagwa, mkulima wa chai, na alikuwa akijenga nyumba ambayo haikuwa na haraka ya kwisha. Hakupenda maduka ya karibu na kwake. Alikuja mpaka Kisii kwa Jagdish kwa sababu babu wa ukutani ndiye aliyemwuzia mabati ya kwanza alipooa. Alinunua machache, akayafunga kwa kamba, akaenda zake, akarudi msimu mwingine kuchukua mengine machache. Hakuwahi kuharakisha hatua. Alikuwa akifika kauntani na kusimama pembeni, mahali fulani karibu na mizani ya misumari, na hata kama duka limejaa watu wanasukumana, kwa namna nisiyoielewa mpaka leo, Jagdish alipoinua macho alimkuta Nyakundi mbele yake.

Hivyo ndivyo alivyocheza kwenye gemu. Abhishek alimnyima mbio kabisa. Wenzake walikimbia uwanja mzima wakitoka jasho la kompyuta, naye alisimama pale langoni. Mpira ukimponyoka kipa, au ukigonga mwamba ukarudi, unamkuta Nyakundi, naye anausukuma ndani kwa upole. Abhishek alikuwa akipaza sauti kwa Kiswahili, kwa sababu maneno hayo aliyataka yafike mbali: Nyakundi yuko pale. Halafu ananyamaza kidogo. Halafu bao.

Maneno hayo yakaingia mjini. Mtu akiokota funguo zilizopotea anasema Nyakundi yuko pale. Mwalimu akitokea mlangoni wanafunzi wakipiga kelele, mmoja ananong'ona Nyakundi yuko pale. Mimi mwenyewe, niliyeapa kutojihusisha na upuuzi ule, nilisema hivyo siku moja nilipoupata mkasi wangu chini ya jora la kitenge, nikajikasirikia mpaka usiku.

Wateja walipojua, duka la Jagdish likawa halikaliki. Manasseh alikuja kulalamika kwamba amefungwa mabao mengi mno na sasa watu hawamwiti kazi. Yule mama wa Sironga alikuja kuuliza kwa nini Jumanne hakupangwa. Jagdish alishika kichwa na kumwambia mwanawe kwamba duka hili limekaa miaka yote hiyo bila kugombana na mtu, na yeye amewagombanisha watu wote kwa mpira ambao haupo. Abhishek alikuwa akizunguka kati ya mapipa ya misumari, anaomba radhi huku, anacheka kule. Alikuwa na furaha, lakini ni ile furaha yake isiyojua itulie wapi.

Siku Nyakundi alipokuja kulizungumza jambo lenyewe, mimi nilikuwa pale kauntani nikinunua kufuli. Wajukuu walikuwa wamemwonyesha kwenye simu. Alisimama mahali pake, karibu na mizani, akamwangalia Abhishek kwa muda.

"Ni wewe umeniweka kwa mpira?"

Abhishek alihamisha uzito kutoka mguu huu hadi mguu ule. "Ni mimi, sokoro." Sokoro ni babu kwa Ekegusii, na tangu utotoni hakumwita kwa jina jingine.

"Na ninafunga?"

"Unafunga kuliko wote."

Mzee alitafakari hilo. Akauliza kwa nini amewekwa kipara ilhali yeye ana nywele pembeni. Akaahidiwa nywele. Akauliza kama ni kweli kwamba Jumapili iliyopita alitolewa kabla mechi haijaisha, na Abhishek akakiri kwamba alimtoa dakika za mwisho ili alinde ushindi.

"Sasa sikia," Nyakundi akasema. "Umeniingiza na hukuniuliza. Sawa, nimekubali. Lakini ukiniingiza, usinitoe."

Akanyosha mkono juu ya kaunta. Abhishek alicheka, akaushika. Jagdish alimwambia mwanawe kwa sauti ya chini kwamba mkono wa mzee haushikwi kwa kicheko, na Abhishek akaacha kucheka, lakini mkono alikuwa ameshampa mzee.

Tangu siku hiyo hakutolewa tena hata mara moja. Na yeye akaanza kuja mara kwa mara, ananunua misumari kidogo ambayo sidhani aliihitaji, ili amkosoe kijana jinsi alivyomchezesha. Nasikia kule kwao kwenye kituo cha kupimia majani ya chai, alikuwa akisimama kwenye foleni na kusubiri mtu amwulize amefunga mangapi.

Mzee alikufa kwa kifua. Kilimshika ghafla, akapelekwa hospitali, hakukaa. Mose, mwanawe, alimpigia Jagdish simu asubuhi, nami nikazipata habari kupitia ukutani. Jagdish alifunga duka siku ya mazishi, jambo ambalo hakulifanya hata sikukuu zake mwenyewe. Tulienda sote Magwagwa. Hotuba zilikuwa ndefu kama kawaida ya mazishi ya kwetu huku, na Abhishek alishindwa kusimama mahali pamoja, akawa anazunguka nyuma ya migomba mpaka watu wakamtazama. Nilimwona akimpa pole Orpah, mke wa Mose, ambaye alikuwa na mimba kubwa na alikuwa amewekewa kiti cha peke yake kivulini.

Tuliporudi mjini kukaanza mambo ya kunichosha roho. Abhishek hakurekodi. Kila asubuhi nilisikia muziki wa kuanza kwa gemu, halafu kimya, halafu muziki tena, halafu hatua zake, mlango, hatua, mlango. Alikuwa anampanga Nyakundi kwenye timu, anaona jina lake, anazima. Anampanga mwingine, anaona jina halipo, anazima. Watazamaji walikuwa wakimwuliza mtandaoni atafanya nini, wengine wakimwomba alie mbele yao. Kuhangaika kwake kukaniambukiza. Nilikata kitambaa cha sare za harusi kifupi, nikamgombeza mwenye harusi kana kwamba yeye ndiye aliyeshika mkasi.

Mwishowe aliamua, na alivyoamua, Mungu anisamehe, nilimsifu. Alimchapisha Nyakundi wa kwenye gemu kwenye karatasi kubwa, akaitundika picha pale stoo, kwenye godoro. Jagdish mwenyewe akaleta shada la maua ya plastiki kama lile la babu, akalivisha kwa mikono yake. Kisha Abhishek akarekodi. Alisema taratibu, na kwa mara ya kwanza alikuwa amesimama mahali pamoja, kwamba jezi namba tisa haitavaliwa tena na mtu yeyote. Alisema klabu kubwa duniani huwafanyia hivyo wachezaji wasiosahaulika. Akasema hakutakuwa na Nyakundi mwingine.

Nililia dukani kwangu mbele ya wateja. Jagdish alilia. Video hiyo ilitazamwa kuliko zote alizowahi kutengeneza, na watu waliokuwa hawajui Kisii iko upande gani waliandika pole. Halafu kampuni moja ya Nairobi, ambayo sitaitaja, ikampigia simu. Walitaka ile hadithi ya mzee na jezi yake iwe tangazo lao, na yeye aajiriwe kwao kabisa, kazi ya kweli, ofisi, mshahara, kila kitu ambacho mama yake amekililia tangu alipoacha uhasibu. Chandrakala alipika peremende za maziwa akagawia mtaa mzima, nami nikala zaidi ya fungu langu.

Orpah alikuja wakati peremende bado zipo kwenye sahani kauntani. Alikuwa na mtoto mchanga kifuani, amefunikwa shuka la manjano. Alisalimia vizuri, kila mmoja kwa zamu yake, Jagdish, mimi, Abhishek, hakuruka mtu. Abhishek alimpa kiti. Hakukaa. Alilifunua shuka kidogo.

"Huyu ni Nyakundi," alisema.

Abhishek aliinama, akatabasamu, akasema amefanana na babu yake.

"Hujanisikia. Nimesema huyu ndio Nyakundi. Na wewe umeambia watu hakuna mwingine."

Tabasamu likabaki usoni pa Abhishek lisijue liende wapi. Akaanza kueleza kwamba ilikuwa heshima, kwamba ni wachezaji wakubwa tu wanaofanyiwa hivyo, kwamba watu wamelia mpaka nchi za mbali. Orpah alimngoja amalize. Kisha akainua macho kwenye picha ya babu juu ya droo.

"Kwenyu mtu akikufa mnamweka kwa ukuta. Sikatai, hiyo ni yenu. Kwetu jina haikai kwa ukuta, inapewa mtoto iendelee kutembea. Mwenye jina yake inafungwa ni ule hakuacha mtu nyuma." Hakupaza sauti hata kidogo. "Vijana wanapita kwa boma wakisema Mhindi alifunga namba tisa. Mama mkwe wangu alisikia. Tangu siku hiyo hataki kubeba mtoto, anauliza kama jina imefungwa, huyu tunamwita nani."

Jagdish alikuwa ameweka mkono juu ya kaunta na hakuutoa.

"Na mzee alituambia mlishikana mkono," Orpah akasema.

Akamfunika mtoto, akaaga, kila mmoja kwa zamu yake, akaondoka. Abhishek alirudi nyuma hatua mbili tatu, akalifikia fungu la mifuko ya saruji, akakaa. Alikaa kitako, mikono katikati ya magoti, akabaki hivyo hivyo. Nimesema huyu mtoto hakai. Niliogopa kuliko ningeogopa angepiga kelele.

Siku zilizofuata zilikuwa mbaya. Wale wa Nairobi walikuwa wakimsubiri atie sahihi, na walikuwa wamemweleza wazi kwamba wanachonunua ni jezi iliyostaafu. Mchezaji akirudi, hadithi imekufa. Na watazamaji wake je? Wangesema aliwaliza kwa uongo. Akaja kwangu, akazunguka kati ya majora ya vitambaa, akiyagusa moja moja kwa mikono yake yenye vumbi la saruji, akitaka nimwambie kwamba Orpah ametia chumvi, kwamba gemu ni gemu tu.

Nikachoka. Nilimwambia atoe mikono kwenye vitambaa vyangu. Nilimwambia kama gemu ni gemu tu, basi na machozi yangu anirudishie, kwa maana nililia kweli. Sisi Waislamu mtu akifa tunamswalia, tunamzika, tunamwombea, hatumtundiki wala hatumwiti arudi, kwa hiyo mimi sina upande wa kumtetea. Lakini mkono niliuona.

"Alikuambia neno moja tu," nikamwambia. "Usinitoe. Na umemtoa."

Akasimama. Akasema alidhani anampandisha. Nikamwambia najua, hata mimi nilidhani hivyo, na sote wawili tulikosea, lakini mimi sikutoa mkono.

Aliporudi kwao alimkuta baba yake stoo. Jagdish alikuwa amepanda juu ya mkebe wa rangi, anaitoa ile picha kwenye godoro. Alilishusha shada, akalipangusa, akalikunja ndani ya gazeti. Nilimsikia kupitia ukutani, na kwa kuwa huwa anazungumza na mwanawe kwa Kigujarati, ambacho ukuta huo umenifundisha, nilishangaa kwamba siku hiyo alitumia Kiswahili, labda kwa sababu mambo yenyewe yalikuwa ya hapa.

"Yule wa pale mbele ni baba yangu," alisema. "Mimi nina haki ya kumtundika. Huyu ana watoto wake."

Abhishek aliwapigia simu wale wa Nairobi siku hiyo hiyo, akitembea kibarazani kutoka duka lao hadi langu na kurudi, akawaambia namba tisa anarudi uwanjani. Walimsikiliza kwa adabu na wakamtakia kila la heri. Chandrakala hakusema naye mpaka Ijumaa. Na yeye, badala ya kutulia sasa kwa kuwa amekwisha kuamua, alizidi kuchacharika, akaipakia mitambo yake yote kwenye pikapu ya duka, waya, skrini, maiki, kompyuta, akasema anaenda kurekodi Magwagwa, nyumbani kwa mwenye jina. Mimi nikafunga duka nikaingia pikapu bila kualikwa. Mtu wa namna ile huwezi kumwacha aendeshe gari peke yake.

Nyumba ya Nyakundi nilikuwa nimeiona siku ya mazishi, lakini siku ile macho yalikuwa na mengine ya kutazama. Safari hii niliangalia paa. Ungeweza kuhesabu misimu yake kwa rangi, mabati yaliyopauka huku, yenye kutu kidogo katikati, na yale ya mwisho yakiwaka kama sahani mpya. Yote yalikuwa yametoka dukani kwa Jagdish. Sebuleni Mose alikuwa amesogeza meza na kuleta viti vya majirani. Mama Mose, mjane wa Nyakundi, alikuwa amekaa pembeni amejitanda leso, na Abhishek alipomwamkia aliitikia salamu, akaishia hapo.

Abhishek akawasha mitambo, akawaonyesha mchezaji mpya. Gemu halikubali mchezaji mwenye umri chini ya miaka kumi na sita, akaeleza, kwa hiyo mtoto wa Orpah ameingia akiwa kijana mwenye nywele tele, namba tisa mgongoni, jina lile lile. Akamjaribisha akimbie uwanjani, na kijana akakimbia kweli kweli, akamwacha kila mtu. Watu wakapiga makofi. Kutoka pembeni ikatoka sauti ya Mama Mose, kavu.

"Huyo si Nyakundi. Nyakundi hakukimbia."

Chumba kizima kikacheka, hata Orpah. Abhishek alirudi kwenye mitambo akampunguza mbio, akamwuliza Mama Mose kama imetosha, akaambiwa bado, akapunguza tena, mpaka yule kijana akawa anatembea kama mwenye shamba lake. Hapo mama akatikisa kichwa kukubali. Akanyosha mikono, na Orpah akampa mtoto.

Mechi ilianza, ikirushwa moja kwa moja, na matusi yakaanza nayo. Yalikuwa yakipanda pembeni mwa skrini, tapeli, mwongo, turudishie machozi yetu. Mose alitaka kuyasoma kwa sauti, nikamkanyaga mguu. Abhishek alitangaza huku anatembea, kidude mikononi, waya wa maiki hautoshi, akaiacha maiki mezani mbele ya Mama Mose akaendelea kutangaza kutoka mlangoni, kutoka dirishani, kutoka nyuma ya viti. Timu yake ilicheza vibaya. Manasseh alifungwa bao la kijinga. Namba tisa hakugusa mpira hata mara moja.

Halafu mvua ikaja. Ilianzia kwenye majani ya chai ng'ambo ya bonde, tukaisikia ikipanda, ikafika juu yetu, na yale mabati yote, ya zamani na mapya, yakaanza kunguruma kwa pamoja. Abhishek alitazama juu. Kwa mvua ya namna hiyo alikuwa akizima kila kitu, hata kama ni katikati ya mechi. Aliniangalia, akanipungia mkono kuonyesha kwamba hakuna kitakachosikika. Nilimfanyia ishara aendelee. Akaendelea.

Ile video ipo mtandaoni mpaka leo, watu wachache wameitazama. Ukiifungua, kwa muda mrefu huwezi kusikia ila mabati. Unamwona Abhishek anapita nyuma ya viti, mdomo unakwenda, mishipa ya shingo imemtoka, sauti hakuna. Unaona mpira unapigwa kutoka mbali, unagonga mwamba, unarudi. Na hapo, karibu na maiki, chini ya ile ngurumo, inasikika sauti moja tu. Ni ya Mama Mose, amemwinamia mtoto mapajani, anamwambia yeye, hamwambii mtu mwingine.

"Nyakundi yuko pale."